Hesabu za Mzee wa Yoff: Ousmane Sembène na Miaka 40 ya Sinema

Nawashukuru kwa kunialika, na nawashukuru zaidi kwa kuniachia nichague mada mwenyewe. Mngenipangia, nahofu mngenipa ile ya kila mwaka, changamoto na fursa za tasnia ya filamu nchini, na kwa joto la mchana huu sote tungekuwa tumesinzia kabla ya changamoto ya tatu.

Nimekuja kuzungumza juu ya mtu mmoja. Ousmane Sembène alizaliwa Ziguinchor, kusini mwa Senegal, mwaka 1923, mtoto wa mvuvi. Alifariki Dakar tarehe 9 Juni 2007. Kati ya 1963 na 2004 aliongoza filamu ndefu 9 na fupi chache. Mwongozaji wa Bongo mwenye bidii anaweza kuzitoa filamu 9 kabla mwaka haujaisha, na naona wapo humu wanaocheka kwa sababu wamewahi kufanya hivyo. Sembène zilimchukua umri mzima. Baina ya Ceddo ya 1977 na Camp de Thiaroye ya 1988 kuna miaka 11 ambayo hakutoa filamu hata moja, naye alikuwa tayari mwongozaji maarufu kuliko wote kusini mwa Sahara.

Uzeeni aliishi Yoff, pembezoni mwa Dakar, kwenye nyumba iliyotazama bahari, aliyoipa jina Galle Ceddo. Wageni walimfuata huko: waandishi wa habari, maprofesa kutoka Marekani na Ulaya, vijana waliotaka kujifunza kazi. Mzee aliwapokea na kiko chake, mkali kidogo, mcheshi akipenda, na katika mazungumzo hayo alizitoa hesabu za maisha yake. Madhumuni yangu leo ni kuzikagua hesabu hizo. Nitatoa hoja tano, na niseme mapema kwamba hazilingani kwa urefu. Ya tatu itanichukua muda, ya nne nitaipitia haraka, na ya tano ndiyo iliyonileta hapa.

Hoja ya kwanza: Sembène aliingia kwenye sinema akimfuata msomaji ambaye vitabu vyake havikumpata.

Wengi huanza na kamera kwa sababu wameipenda kamera. Huyu alianza na kalamu. Shule alifukuzwa akiwa kijana, baada ya kugombana na mwalimu mkuu Mfaransa hadi ngumi. Akafanya kazi za mikono, ya uashi na ya ufundi. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia akaingia jeshi la kikoloni la Ufaransa. Vita vilipokwisha akavuka bahari, akawa mpakuzi wa mizigo bandarini Marseille, akaumia mgongo, akajiunga na chama cha wafanyakazi cha CGT na Chama cha Kikomunisti. Maktaba za wafanyakazi ndizo zilizokuwa chuo chake kikuu. Riwaya yake ya kwanza, Le Docker noir, ilitoka 1956, na mwaka 1960 ikatoka Les Bouts de bois de Dieu, kisa cha mgomo mkubwa wa reli ya Dakar na Niger wa 1947 na 1948. Riwaya hiyo peke yake ingetosha kumpa mtu jina la kudumu.

Mwaka 1960 akarudi Afrika na kuzunguka. Alifika mpaka Kongo, wakati wa Lumumba, akasafiri kwa boti mtoni. Mara nyingi baadaye alisimulia kwamba ilikuwa humo botini, akiwatazama watu na nchi, ndipo alipotambua kuwa yeye ni mwandishi wa watu wasioweza kumsoma. Vitabu vyake vilikuwa kwa Kifaransa. Mvuvi wa kwao Casamance hakukijua, mchuuzi wa soko la Sandaga hakukijua, na hata wale wafanyakazi wa reli aliowaandika wengi wao hawakukijua. Basi mtu wa umri wa karibu miaka 40, mwenye jina tayari, akaenda kuanza upya kama mwanafunzi: Moscow, Studio ya Gorky, mwaka 1962, chini ya Mark Donskoy.

Hakuacha kuandika, na mara kwa mara alisema kwamba yeye binafsi anayapenda maandishi kuliko sinema, ila sinema inafika mbali zaidi. Aliiita shule ya jioni. Maneno hayo yamenukuliwa mpaka yamechakaa, lakini yachukulieni kama yalivyo. Mwanafunzi wa shule ya jioni ni mtu mzima aliyetoka kazini, amechoka, ana akili zake, na hana muda wa kupotezewa. Huyo ndiye mtazamaji ambaye Sembène alimwekea nia. Kila shida iliyompata baadaye ilitokana na kumchagua mtu huyo badala ya mwingine, na ndiyo maana sikubaliani na wanaomsimulia kama mtu wa bahati mbaya.

Hoja ya pili: mkono uliompa fedha ndio uliotaka kumshika ulimi.

Kwa vijana wetu ni vizuri kufahamu kwamba mwaka 1934 Ufaransa ilitoa amri, ijulikanayo kwa jina la waziri Laval, iliyomtaka kila anayetaka kupiga filamu katika makoloni yake ya Afrika aombe kibali kwanza. Kwa Mwafrika kibali hicho kilikuwa ndoto. Ndiyo sababu Paulin Vieyra na wenzake, walipotengeneza Afrique-sur-Seine mwaka 1955, waliipiga Paris kwenyewe. Vieyra huyo baadaye alisimamia utayarishaji wa filamu kadhaa za Sembène.

Uhuru ulipokuja, Ufaransa ikageuza mkono. Ikafungua ofisi ya kuwasaidia waongozaji Waafrika kwa fedha na vifaa. Msaada huo ulikuwa wa kweli. Bila huo nusu ya sinema ya Afrika ya Magharibi isingezaliwa. Lakini msaidizi anasoma mswada kabla ya kutoa fedha. La Noire de... ya 1966, kisa cha Diouana, msichana wa Dakar anayechukuliwa Ufaransa kama yaya akageuzwa kijakazi na mwishowe kujiua, kilitokana na habari ya kweli iliyotoka gazetini. Mswada wake ulikataliwa na ofisi hiyo. Sembène akatafuta njia nyingine, na filamu ikatoka ikiwa na urefu wa saa moja tu. Ilipata Tuzo ya Jean Vigo Ufaransa na Tanit ya Dhahabu katika tamasha la Carthage.

Wanafunzi, mkiitazama sikilizeni jambo moja. Mbissine Thérèse Diop ndiye anayecheza Diouana, na anacheza vizuri mno kwa uso na mabega, lakini sauti tunayoisikia si yake. Ni ya Toto Bissainthe wa Haiti, na inazungumza Kifaransa safi. Diouana, ambaye Kifaransa hakimtoki mbele ya mabwana zake, anawaza kwa Kifaransa. Mwongozaji aliyetoka kwenye vitabu ili aikimbie lugha ile alikuwa bado yumo ndani yake.

Alitoka na Mandabi, mwaka 1968. Fedha za umma za Ufaransa zilipatikana kwa sharti kwamba filamu iwe pia na nakala ya Kifaransa. Sembène akakubali, kisha akaipiga mara mbili, moja kwa Kifaransa na moja kwa Kiwolofu. Waigizaji walewale, nyumba ileile, wanasema jambo hili, halafu wanalisema tena kwa lugha ya nyumbani. Mtayarishaji wa Paris alitaka rangi. Mzee akampa rangi. Ikatoka filamu ya Ibrahima Dieng, mzee asiye na kazi, mwenye wake wawili, anayetumiwa na mpwa wake wa Paris hawala ya faranga 25,000, na kwa sababu hana kitambulisho anazunguka ofisi moja hadi nyingine mpaka fedha zinaliwa na wajanja. Mnacheka kwa sababu ofisi hizo mnazijua. Watu wa Dakar walicheka pia, na kwa mara ya kwanza walisikia skrini ikizungumza kama wao.

Hapo aligundua nguvu zake, na mwaka 1988 akazipima kwa filamu ngumu kuliko zote. Camp de Thiaroye, aliyoiongoza pamoja na Thierno Faty Sow, inasimulia jinsi askari wa Kiafrika waliorudi kutoka kwenye kambi za mateka za Wajerumani walivyodai malipo yao, na jinsi jeshi la Ufaransa lilivyowapiga risasi alfajiri ya tarehe 1 Desemba 1944. Hapakuwa na haja ya kumwomba Mfaransa agharamie filamu hiyo. Fedha zilitoka Senegal, Algeria na Tunisia. Venice ikaipa tuzo maalumu ya majaji. Ufaransa kwenyewe ilikaa miaka mingi bila kuonyeshwa. Rais wa Ufaransa alikuja kukiri kwa maandishi, Novemba 2024, kwamba yaliyotokea Thiaroye yalikuwa mauaji ya halaiki ya askari. Filamu ilikuwa imelisema hilo miaka 36 kabla, na mwongozaji wake alikuwa kaburini kwa miaka 17.

Hoja ya tatu: waliomsumbua zaidi walikuwa watu wa nyumbani.

Ni rahisi kusimulia habari hii kama vita kati ya Mwafrika na mkoloni. Sembène mwenyewe hakuisimulia hivyo. Tazameni Xala, ya 1975. Inaanza na wafanyabiashara Waafrika wanaoingia Chama cha Wafanyabiashara, wanawatoa wazungu, wanazitupa nje sanamu za Marianne, na umati unashangilia. Punde wazungu wanarudi na mikoba. Wanaweka mkoba mmoja mbele ya kila mheshimiwa, na mikoba imejaa fedha. Yote hayo yanakwisha kabla mtazamaji hajakaa sawasawa kitini. Kinachofuata ni kisa cha El Hadji Abdou Kader Bèye, anayeoa mke wa tatu na usiku wa harusi nguvu za kiume zinamtoka. Gari lake la Mercedes linahudumiwa kwa maji ya chupa ya Evian, huku binti yake Rama akimjibu Kiwolofu kila anapomsemesha Kifaransa.

Wakaguzi wa serikali waliikata vipande kabla ya kuiruhusu. Alichofanya Sembène kinastahili kufundishwa katika kila darasa la utayarishaji: alichapisha karatasi zilizoorodhesha sehemu zilizokatwa, zikagawiwa kwa watazamaji. Watu walikaa gizani wakijua hapa palikuwa na jambo fulani. Mkasi wa serikali ukawa sehemu ya maonyesho. Katika kazi zetu ni wangapi, filamu zao zinapokatwa, wanaenda kuwaambia watazamaji kilichokatwa? Wengi tunazikata wenyewe nyumbani kabla ya kuzipeleka.

Kisha ikaja Ceddo. Hapa niwaombe mvumilie kidogo, kwa sababu ni kisa ambacho hata ukiambiwa unadhani kimetungwa.

Filamu hii imewekwa zamani, katika ufalme ambao unavutwa na wageni wawili: mzungu mwenye duka la bunduki na watumwa, pamoja na padri wake, na imamu anayepata nguvu katika baraza la mfalme hadi anauchukua utawala. Ceddo ni watu wa kawaida wanaokataa kusilimishwa kwa lazima. Wanamteka binti mfalme, Dior Yacine. Mwishoni ni binti huyo anayemuua imamu, hadharani, mbele ya watu waliokwisha nyolewa na kupewa majina mapya. Muziki ni wa Manu Dibango.

Senegal ni nchi ya Waislamu wengi, yenye mashehe wenye ushawishi mkubwa katika siasa. Mtu angetarajia serikali ipige marufuku filamu hii kwa sababu ya dini, na wengi wanaamini hiyo ndiyo iliyokuwa sababu. Lakini sababu iliyotangazwa ilikuwa tahajia. Rais Léopold Sédar Senghor, mshairi, bingwa wa sarufi ya Kifaransa ambaye baadaye aliingia Akademia ya Ufaransa, alikuwa ametoa amri juu ya jinsi ya kuandika Kiwolofu. Kwa amri hiyo jina la filamu liwe na d moja. Sembène aliandika mbili. Akaambiwa aondoe moja, akakataa, na filamu ikafungiwa nyumbani kwa miaka, hadi Senghor alipokwisha ondoka madarakani.

Msidhani ulikuwa ukaidi wa mzee juu ya herufi. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970 yeye na mwanaisimu Pathé Diagne walikuwa wakitoa gazeti kwa Kiwolofu, Kaddu, ambalo nalo lina d mbili. Siggi, jarida la Cheikh Anta Diop, nalo lilipatwa na shida hiyohiyo ya herufi iliyorudiwa. Waliokuwa wakiiandika lugha ile kwa ajili ya wasomaji wake waliambiwa na mtu aliyeandika mashairi yake kwa Kifaransa kwamba hawajui kuiandika. Nadhani Senghor alikuwa na hoja za kitaalamu, na nadhani pia alijua vizuri kwamba hoja za kitaalamu zingemwepusha na mjadala wa imamu. Rais aliuwahi ugomvi mkubwa kwa kuanzisha mdogo. Sisi tuliosahihishwa insha kwa kalamu nyekundu tunaielewa mbinu hiyo.

Emitaï, ya 1971, nayo ilizuiwa katika nchi kadhaa zilizokuwa makoloni ya Ufaransa. Ni filamu ya kijiji cha Wadiola ambacho wanawake wake wanaficha mpunga usichukuliwe na jeshi, wakakalishwa juani mpaka waseme. Katikati ya msiba huo kuna kichekesho: amri inakuja kwamba picha ya Marshali Pétain ishushwe na ya Jenerali de Gaulle ibandikwe, na askari wa Kiafrika hawaelewi vipi mtu mwenye nyota mbili anampindua mwenye nyota saba. Kwa wanaosema Sembène alikuwa mhubiri asiyecheka, ningeomba waitazame sehemu hiyo tu.

Sasa linganisheni. Wafaransa walimnyima fedha, wakamwekea masharti, wakachelewesha. Walioikata na kuifungia kazi yake mbele ya mtazamaji aliyemlenga walikuwa viongozi wa nchi yake huru. Aliulizwa kama watazamaji wa Ulaya wanamwelewa. Jibu lake lilizoeleka: Ulaya si kitovu chake, na yeye hakuumbwa kuwa alizeti inayogeuka kulifuata jua. Hakuwa akijigamba. Mtu aliyegombana na serikali yake juu ya herufi moja alikuwa na mambo ya karibu zaidi ya kumshughulisha.

Hoja ya nne ni ya mapungufu yake, na nitakuwa mfupi.

Alikuwa mgumu, na ugumu unaomsaidia mtu mbele ya wakaguzi humwumiza mbele ya wenzake. Kabla ya Camp de Thiaroye, mwongozaji Ben Diogaye Bèye na mwandishi Boubacar Boris Diop walikuwa na mswada wao juu ya mauaji yaleyale, Thiaroye 44. Mswada huo haukupata kuwa filamu, na kinyongo hakikwisha upesi. Katika nchi yenye fedha za filamu moja, filamu ya mkubwa inapotoka ya mdogo inabaki sandukuni. Jambo hilo lisimuliwe kila tunapomsifu.

La pili ni Samori. Kwa miongo kadhaa alitaka kutengeneza filamu kubwa juu ya Samori Touré, aliyepigana na Wafaransa mpaka akakamatwa 1898. Aliandika, akatafuta fedha, akaandika tena. Haikutengenezwa. Miaka iliyoingia humo ilikuwa mingi, na mimi ni katika wanaoamini kwamba tungekuwa na filamu mbili au tatu zaidi za saizi ya Mandabi kama angemwacha Samori mapema. Mnaweza kunipinga.

Hoja ya tano: aliwashinda wakaguzi, akashindwa na usambazaji.

Hapa ndipo hesabu za mzee na hesabu zangu zinapotofautiana. Yeye uzeeni alikuwa mtu wa kutazama mbele. Alikuwa akizungumzia filamu tatu juu ya ushujaa wa kila siku, hasa ushujaa wa wanawake. Ya kwanza, Faat Kiné, ilikuwa tayari. Ya pili, Moolaadé, aliipiga kijijini Djerisso, Burkina Faso, akiwa na miaka 80 hivi, ikatoka 2004 na kupata tuzo ya kitengo cha Un Certain Regard kule Cannes. Ni habari ya Collé, mwanamke anayewapa hifadhi wasichana wanaokimbia kukeketwa, na wanaume wa kijiji wanaojibu kwa kukusanya redio za wake zao na kuzichoma mbele ya msikiti. Alisema ndiyo filamu yake ya Kiafrika kuliko zote. Ya tatu alifariki kabla ya kuipiga. Mtu anayeondoka hivyo, akiwa katikati ya kazi, anaweza kufunga daftari lake bila deni.

Lakini yule mwanafunzi wa shule ya jioni je?

Sembène alijua tangu mwanzo kwamba kutengeneza filamu ni nusu ya kazi. Majumba ya sinema ya Afrika iliyotawaliwa na Ufaransa yalikuwa mikononi mwa kampuni mbili, COMACICO na SECMA, zilizoleta filamu za bei rahisi kutoka nje na hazikuwa na haja na filamu ya Mwafrika. Upper Volta, Burkina Faso ya leo, ilipotaifisha majumba yake mwaka 1970, kampuni hizo ziliikatia filamu. Waongozaji waliungana wakaanzisha shirikisho lao, FEPACI, na Sembène alikuwa miongoni mwa waliolisimamisha, kama alivyokuwa katika tamasha la Ouagadougou ambalo leo tunaliita FESPACO. Tanzania nayo ilikuwa na Tanzania Film Company tangu 1968. Waliokuwepo watakumbuka matumaini ya wakati ule. Kisha uchumi ukabana, majumba yakageuzwa maghala na makanisa, Dakar kama Dar es Salaam.

Alichokifanya yeye ni kuzibeba filamu mwenyewe. Alizipeleka vijijini, akaonyesha, akakaa na watu wakajadili mpaka usiku. Ni kazi ya kuheshimika na ni kazi ya mtu mmoja. Mtu mmoja hawezi kuwa mtandao wa usambazaji wa bara zima. Matokeo yake tunayajua. Leo mwanafunzi wa chuo chochote kikubwa cha Marekani anaweza kuazima Xala maktabani. Karatasi za Sembène zimehifadhiwa Maktaba ya Lilly, Chuo Kikuu cha Indiana. Filamu ya Samba Gadjigo na Jason Silverman juu ya maisha yake, iliyotoka 2015, inaonyesha nyumba ya Yoff baada ya kifo chake, na mikebe ya filamu imeshika kutu. Kazi iliyokusudiwa mchuuzi wa Sandaga imefika mikononi mwa watu waliosoma sana, wa mbali sana. Sisemi hawakustahili kuipata. Nasema foleni ilipangwa kinyume.

Ndugu Mwenyekiti, hapa ndipo sisi tunapoingia, na kwa bahati tunaingia na kitu mkononi. Mwaka 1980 Tanzania Publishing House ilitoa tamthilia ya Hawala ya Fedha ya Amandina Lihamba, aliyoijenga juu ya kisa kilekile cha Mandabi. Kwa hiyo Kiswahili kilikipokea kisa cha Dieng mapema, kwa njia ya jukwaa, na wala hakikumwomba ruhusa Mfaransa wa katikati.

Tena tunalo jambo ambalo Senegal haikuwa nalo kwa kiwango chetu. Mitaani kwetu kuna vibanda umiza, mabanda ya kuonyeshea video. Kuna wasimulizi wa filamu, tangu enzi za marehemu Lufufu hadi madijei wa leo, na majirani zetu wa Kenya wana DJ Afro. Mtu mmoja na kipaza sauti anaisimulia filamu ya Hong Kong au ya Marekani kwa Kiswahili, anawasemea wote, wanaume kwa wanawake, anaongeza utani wake, na banda zima linacheka. Wasomi tumewadharau watu hawa kwa muda mrefu. Mimi nawahesabu kuwa wasambazaji pekee waliofanikiwa kumfikia yule mtu mzima aliyetoka kazini.

Pendekezo langu ni dogo. Tuanze na Borom Sarret, ya 1963, filamu yake ya kwanza kutolewa. Ina dakika kama 20. Ni siku moja ya mwendesha mkokoteni wa Dakar: anabeba abiria wasiolipa, anapeleka maiti ya mtoto makaburini, kisha anakubali kumpeleka mteja Plateau, mtaa wa wakubwa, ambako mikokoteni hairuhusiwi. Polisi anamchukulia mkokoteni na kuikanyaga nishani yake ya vita. Filamu hii imekarabatiwa, na nakala nzuri ipo. Haki zake zina wenyewe, na lazima tuwaombe. Hilo nalisema kwa sauti kubwa kwa sababu kuna mwenye kibanda mmoja humu ambaye tayari namwona anapiga hesabu.

Na tazameni jinsi ilivyotengenezwa. Waigizaji hawasikiki moja kwa moja. Sauti ziliwekwa baadaye, kwa Kifaransa, na nyingi ni mawazo ya mwendesha mkokoteni yanayosemwa juu ya picha. Mtu yule anatembea Dakar nzima akiwaza kwa lugha asiyoizungumza, kama Diouana baada yake. Kwa hiyo msimulizi wa kibanda umiza akiitia Kiswahili hatakuwa anaharibu sauti ya asili; hapakuwa na sauti ya asili ya kuharibu. Sembène aliiacha nafasi hiyo kwa sababu mwaka 1963 hakuwa na namna nyingine.

Kazi iliyobaki ni ya tafsiri, na ndipo mimi na wanafunzi wangu tumekwama. Je, mwendesha mkokoteni wetu azungumze Kiswahili cha taarifa ya habari, au cha Manzese? Tukimpa cha Manzese, wa Mombasa na wa Bujumbura watamfuata? Je, msimulizi aachiwe atie utani wake pale baba anaposimama na maiti ya mwanawe, au anyamaze dakika hiyo? Mzee, kwa jinsi ninavyomfahamu kwa maandishi na mazungumzo yake, angegombana na dijei huyo tangu dakika ya kwanza, na nisingeshangaa kama jioni wangekula pamoja. Tumekubaliana kwamba onyesho la kwanza liwe Mbagala, siku ya kazi, baada ya saa moja usiku, na kwamba baada ya filamu taa iwashwe watu waseme. Tunahitaji msimulizi mmoja, projekta ambayo haitazimika, na wahariri wawili wa mswada wanaokijua Kiswahili cha mtaani kuliko mimi. Wenye nia wabaki baada ya maswali.